Wanataka niondoe kesi kwanza ndipo walipe: nisaini?

SWALI: Mimi ni mfanyabiashara wa mbao Mafinga. Oktoba 2020 niliipelekea kampuni moja ya ujenzi mbao za kenchi na mirunda kwa mkopo, walipe mwisho wa mwezi ule ule. Hawakulipa. Nimewashtaki mahakama ya wilaya, nadai shilingi 46,000,000 pamoja na riba na gharama. Wao wamekana sehemu ya deni na wameleta madai kinzani ya 7,000,000, wakisema mbao nyingine zilipinda. Sasa mkurugenzi wao amenipigia, anasema yaishe. Watanipa 40,000,000: milioni 10 nikishaondoa kesi, halafu milioni 5 kila mwezi kuanzia Mei hadi Oktoba 2026. Wakili wao ameniletea karatasi ya ukurasa mmoja nisaini: inasema tumeelewana nje ya mahakama, mimi naondoa kesi, na kampuni "italipa kiasi kilichobaki kwa awamu kadiri ya makubaliano". Mume wangu na wazee wanasema nikubali. Sina wakili. Nikisaini halafu wasilipe, naweza kurudi mahakamani? Kesi inatajwa wiki tatu zijazo.

JIBU: Mama, usisaini karatasi hiyo, na usiondoe kesi. Lakini usiikatae suluhu pia, kwa sababu kiasi wanachokupa ni kizuri. Ichukue suluhu hiyo hiyo, iandikwe vizuri, ipelekwe mbele ya hakimu, isajiliwe na iwe hukumu. Ukifanya hivyo, wasipolipa hutafungua kesi upya. Utaomba kukaza hukumu, yaani mahakama iwalazimishe walipe.

Nianze na kiasi, maana ndicho wazee wanachokiangalia, na hapo wako sahihi. Unadai milioni 46. Tuseme kesi inasikilizwa hadi mwisho na hakimu anawakubalia madai kinzani yao yote ya milioni 7: ungebaki na milioni 39. Wao wanakupa 40. Unasamehe milioni 6, kama asilimia 13 ya deni, na unaepuka miezi mingi ya kutafuta mashahidi wa mbao zilizokatwa na kupigiliwa misumari zaidi ya miaka mitano iliyopita. Riba ya nyuma nayo unaiacha, lakini hiyo usingekuwa na uhakika nayo kama hamkuiandika popote. Kama hati za kupokelea mzigo zina saini na muhuri wao zote, una nguvu ya kuomba hata 42 au 43. Kama baadhi hazina saini, milioni 40 ni nzuri.

Kwa hiyo bei haina tatizo. Tatizo ni maneno "nikishaondoa kesi".

Kuondoa kesi kunakufanyia nini

Watu wengi hudhani kesi ikiondolewa mahakamani inawekwa pembeni tu, unaweza kuirudia siku yoyote. Sivyo. Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai, Sura ya 33 ya sheria za Tanzania, Amri ya XXIII, kanuni ya 1, inamruhusu mdai kuondoa shauri lake wakati wowote. Lakini akiliondoa bila ruhusa ya mahakama ya kulifungua tena, amezuiwa kufungua shauri jipya juu ya jambo lile lile, na anaweza kuamriwa amlipe mdaiwa gharama. Ruhusa hiyo nayo haitolewi kwa kuomba tu. Hakimu lazima aridhike kwamba shauri lina kasoro ya kiufundi itakayoliangusha, au kwamba kuna sababu nyingine ya kutosha. Karatasi waliyokuletea, kwa jinsi unavyoieleza, haigusi suala hilo kabisa. Ukiisaini na kwenda kusema "naondoa kesi", umeuza haki yako ya kudai deni la mbao, na ulichopewa badala yake ni ahadi ya mtu ambaye hajatimiza ahadi tangu 2020.

Hata ukiipata ruhusa, kuna kanuni ya 2 ambayo wengi huijua wakiwa wamechelewa: shauri jipya huhesabiwa muda wa ukomo (muda ambao ukipita huwezi tena kushtaki) kana kwamba lile la kwanza halikuwahi kufunguliwa. Dai la mkataba lina ukomo wa miaka 6. Deni lako liliiva, yaani lilifika siku ya kulipwa, mwisho wa Oktoba 2020, kwa hiyo miaka 6 inaisha mwisho wa Oktoba 2026. Sasa tazama ratiba yao ya malipo inaishia lini. Awamu ya mwisho ni Oktoba 2026. Wakikuyumbisha awamu mbili za mwisho, ukija kushtuka ni Novemba, na mwanya umeshafungwa. Ni kweli kwamba sheria ya ukomo huanza kuhesabu upya pale mdaiwa anapolipa sehemu ya deni, au anapolikiri kwa maandishi yenye saini yake. Lakini hapo utakuwa umerudi kwenye kubishana: utapaswa kuthibitisha malipo yale yalikuwa ya deni hili na si la kitu kingine, mbele ya wakili atakayesema kinyume. Kwa nini ujiingize huko wakati una kesi hai mkononi?

La tatu ndilo linaloniudhi zaidi katika karatasi za namna hii. Madai kinzani ni kesi inayojitegemea. Wewe ukiondoa dai lako, yao ya milioni 7 yanaweza kuendelea kusikilizwa kama kawaida. Unaweza kujikuta umesamehe milioni 46 na bado unaitwa mahakamani kujibu habari za mbao zilizopinda.

Kusajili suluhu kunakufanyia nini

Kanuni ya 3 ya Amri hiyo hiyo ya XXIII ndiyo njia yako. Inasema hivi kwa ufupi: mahakama ikiridhika kwamba shauri limemalizwa, lote au sehemu yake, kwa makubaliano halali, itaamuru makubaliano hayo yaandikwe kwenye kumbukumbu, na itatoa tuzo kulingana nayo kwa kadiri yanavyohusu shauri lililopo. Tuzo ni ile hati ya amri inayotolewa baada ya hukumu, na ndiyo inayokazwa. Tuzo ya makubaliano ina nguvu sawa na ile ya kesi iliyosikilizwa kwa mashahidi kumi. Unaweza kuikaza ndani ya miaka 12. Na jambo likishamalizwa hivyo, hakuna upande unaoweza kulirudisha mahakamani kama kesi mpya.

Ina upande wake wa pili, na uujue kabla hujasaini: tuzo ya makubaliano haikatiwi rufaa. Ukishakubali milioni 40, huwezi baadaye kwenda Mahakama Kuu kusema ulipunjwa. Kinachoweza kuivunja ni mambo mazito kama udanganyifu, kutishwa, au aliyesaini kutokuwa na mamlaka. Kujuta hakumo humo. Ndiyo maana kazi yote ya kufikiri inafanyika sasa, kabla ya kalamu kugusa karatasi.

Neno "yanavyohusu shauri lililopo" nalo ni la kuangaliwa. Mkiingiza kwenye makubaliano mambo ya pembeni, kwa mfano kwamba utaendelea kuwauzia mbao mwaka ujao kwa bei fulani, hayo hayatakazwa kupitia kesi hii. Yawekeni kwenye mkataba tofauti. Hati ya suluhu ibaki na deni hili na madai kinzani haya, basi.

Nani hasa anakuahidi?

Mkurugenzi amekupigia akasema "nitakulipa". Uliyemshtaki ni kampuni. Kisheria hao ni watu wawili. Asiposaini kama mdhamini, deni linabaki la kampuni peke yake, na kampuni ikiwa haina kitu benki wala magari kwa jina lake, tuzo yako itabaki karatasi. Yeye binafsi, kwa kawaida, hataguswa.

Fanya mambo mawili. Kwanza, nenda kwenye mfumo wa BRELA, wakala wa serikali unaosajili kampuni, lipia taarifa za kampuni hiyo, uone wakurugenzi ni nani na kama huyu anayekupigia yumo. Jina la kampuni kwenye hati ya suluhu liwe lile lile la BRELA na la kwenye hati ya madai, herufi kwa herufi. Jina likikosewa kwenye tuzo, benki itairudisha siku unapotaka akaunti izuiwe. Pili, omba azimio la bodi linalomruhusu mtu huyo kusaini suluhu kwa niaba ya kampuni, liambatishwe. Wakili wao pia anaweza kusaini, lakini usitosheke na saini ya wakili peke yake. Saini ya mteja mwenyewe ndiyo inayofunga mlango wa "sikumtuma".

Halafu mwombe mkurugenzi awe mdhamini binafsi. Kwa kuwa yeye si mdaiwa kwenye kesi, aingizwe kwa jina kamili na namba ya kitambulisho cha taifa, kifungu kiseme anawajibika pamoja na kampuni na pia peke yake kwa deni lote, asimame mbele ya hakimu akiri hivyo, na jina lake liombwe liwemo kwenye tuzo. Akikataa, hiyo nayo ni taarifa: mtu anayejua kampuni yake italipa hana sababu kubwa ya kuogopa kuidhamini. Kama hataki kudhamini, ongeza malipo ya mwanzo. Badala ya milioni 10, dai 20.

Dhamana ya vitu ina mitego yake. Kukabidhiwa kadi ya gari au hati ya kiwanja ukaifungia kabatini hakukupi haki iliyosajiliwa juu ya mali hiyo. Gari linaweza kuuzwa kwa taarifa ya kupotelewa kadi, na kiwanja kinaweza kuwa tayari kimewekwa rehani. Kama ni nyumba ya familia, mke au mume wa mwenye nyumba lazima aridhie kwa maandishi. Kwa deni la miezi sita, naona mdhamini mtu na malipo makubwa ya mwanzo ni bora kuliko kukimbizana na hati za ardhi.

Maneno ya kwenye hati

Kwa maelezo yako, karatasi yao inasema mmeelewana nje ya mahakama, wewe unaondoa kesi, na kampuni "italipa kiasi kilichobaki kwa awamu kadiri ya makubaliano". Makubaliano yapi? Awamu ngapi, tarehe gani, akaunti ipi? Tuzo iliyoandikwa hivyo haikazwi, kwa sababu hakimu wa kukaza hukumu hawezi kubuni tarehe. Na tahadhari: ukiisaini hata bila kwenda mahakamani, wao wanaweza kuipeleka na kumwonyesha hakimu kwamba shauri limeshamalizwa kwa makubaliano. Kwa hiyo usiseme "nasaini tu, tutarekebisha baadaye".

Hati yako ianze na mahakama, namba ya shauri na majina kama yalivyo kwenye hati ya madai. Tangu marekebisho ya sheria ya 2021 Kiswahili ndiyo lugha ya mahakama, kwa hiyo una haki ya kutaka iandikwe kwa Kiswahili unachokielewa wewe, na uisome neno kwa neno. Kisha vifungu vyenyewe.

Kifungu cha deni ndicho moyo wa hati, na hapa watu huharibu. Wengi huandika: "Mdaiwa atalipa milioni 40, akichelewa atatozwa faini ya milioni 6." Neno faini linampa wakili wa upande wa pili hoja, maana Sheria ya Mikataba inampa aliyevunjiwa mkataba fidia ya kuridhisha tu, hata kama mmeandika kiwango. Geuza mpangilio: "Mdaiwa anakiri kudaiwa na Mdai shilingi 46,000,000. Mdai anakubali kupokea shilingi 40,000,000 kuwa malipo kamili, endapo tu kila awamu italipwa kwa tarehe iliyotajwa hapa. Awamu yoyote ikichelewa zaidi ya siku 7, msamaha huo unakoma, na kiasi chote kilichokiriwa, kikitolewa kilichokwisha kulipwa, kinaiva mara moja bila taarifa nyingine." Hapo humtozi adhabu. Unaondoa msamaha uliompa kwa masharti, naye amevunja sharti.

Piga hesabu uone tofauti. Tuseme amelipa milioni 10 za mwanzo, milioni 5 za Mei na milioni 5 za Juni, jumla milioni 20, kisha Julai akanyamaza. Kwa ratiba yao, kilichoiva Julai ni milioni 5 tu. Agosti tano nyingine. Ungekuwa unakimbilia mahakamani kila mwezi kwa kipande. Kwa kifungu hiki, siku ya nane baada ya tarehe ya Julai kupita kimeiva chote: 46 toa 20, yaani milioni 26 kwa mpigo.

Tarehe ziandikwe moja moja, siku, mwezi na mwaka, zote sita. Usiandike "kila mwisho wa mwezi". Ukichagua tarehe 5, kumbuka 5 Julai 2026 ni Jumapili. Weka sentensi kwamba tarehe ikiangukia siku ya mapumziko, malipo yafanyike siku ya kazi inayofuata. Ugomvi mwingi wa awamu huanzia kwenye kitu kidogo kama hicho.

Malipo yaende kwenye akaunti ya benki iliyo kwa jina lako, namba iandikwe ndani ya hati, na yahesabiwe kuwa yamelipwa pale fedha zinapoingia, si pale hundi inapoandikwa. Kataa fedha taslimu mkononi mwa msimamizi wa saiti. Kataa pia mabati au saruji badala ya fedha.

Riba: sheria yenyewe inaweka riba ya asilimia 7 kwa mwaka juu ya deni la hukumu kuanzia siku ya hukumu hadi litakapolipwa. Wahusika mnaweza kukubaliana kiwango kingine kwa maandishi, mradi kisizidi asilimia 12. Andika 12, na iseme inaanza kukimbia juu ya salio siku awamu inapokosekana. Kwa salio la milioni 26, asilimia 12 ni 3,120,000 kwa mwaka, yaani 260,000 kila mwezi anaochelewa. Si fedha nyingi kwa kampuni ya ujenzi, lakini inamfanya mhasibu wao asiiweke karatasi yako chini ya nyingine zote.

Madai kinzani: "Mdaiwa anaachana kabisa na madai kinzani ya shilingi 7,000,000 kuanzia siku makubaliano haya yatakaposajiliwa, na hatayafungua tena." Ona sehemu hii haijafungwa na malipo. Wewe pia unaachana na dai lako la awali siku hiyo hiyo, kwa sababu nafasi yake inachukuliwa na tuzo.

Gharama za kesi: mkinyamaza, mtagombana. Kawaida kila upande hubeba zake. Ukitaka wakurudishie ada ya kufungulia kesi, taja kiasi.

Malizia na kifungu kifupi ambacho kitakuokoa siku ukiwa na huruma: "Mdai kupokea malipo yaliyochelewa hakumaanishi amesamehe ucheleweshaji huo wala unaofuata." Bila hicho, ukipokea awamu ya Juni tarehe 20 bila kulalamika, Julai watasema mlishakubaliana kubadili tarehe.

Shahidi, muhuri wa wakili, muhuri wa serikali ya mtaa: vina faida ya kuthibitisha nani alisaini, lakini havigeuzi karatasi kuwa hukumu. Anayefanya hivyo ni hakimu peke yake.

Siku ya mahakamani

Nenda. Mtu yeyote akikuambia "usijisumbue kwenda, si tumeshaelewana", nenda mapema zaidi. Mdai asipotokea, kesi inaweza kufutwa kwa kutohudhuria, na hapo utaanza kuomba irudishwe huku mwenzako akiwa ametulia.

Hati ichapwe nakala za kutosha: ya mahakama, yako, ya kampuni, ya mdhamini. Kila ukurasa uwekwe saini ndogo na kila upande, siyo ukurasa wa mwisho tu. Ukurasa wa katikati ndio wenye tarehe na kiasi, na ndio rahisi kubadilishwa. Isajiliwe kwenye mfumo wa mahakama kabla ya siku ya kutajwa. Kama huna wakili, masjala watakuelekeza namna ya kuipandisha.

Mbele ya hakimu kuna sentensi moja ya kuwa makini nayo. Usiseme "tunaomba kesi imalizwe" wala "naondoa shauri". Sema: "Mheshimiwa, tumefikia suluhu kwa maandishi. Tunaomba makubaliano yetu yasajiliwe na tuzo itolewe kulingana nayo chini ya Amri ya XXIII, kanuni ya 3." Hakimu atawauliza mmoja mmoja kama mmesoma, mmeelewa na mmesaini kwa hiari. Jibu kwa sauti, na kama kuna kifungu hukielewi, huo ndio wakati wa kusema. Hakimu hatakuona msumbufu. Katiba yenyewe, ibara ya 107A, inaitaka mahakama ikuze usuluhishi kati ya wanaogombana, na hakimu anapenda kusajili suluhu ambayo haitarudi mezani kwake na malalamiko.

Inawezekana kesi yenu bado haijapita hatua ya usuluhishi wa mahakama. Kwenye hatua hiyo mnapangiwa msuluhishi ambaye siye atakayesikiliza kesi, na ana siku 30 tangu kikao cha kwanza. Yanayosemwa pale ni siri na hayatumiki dhidi yako mkishindwana. Kama mko hapo, ipelekeni hati kwenye kikao hicho, itasajiliwa vile vile. Na kama mnakubaliana kuhusu deni lakini mbao zilizopinda bado zinawagombanisha, sheria inaruhusu suluhu ya sehemu: deni lisajiliwe, na hilo moja lisikilizwe. Siipendi sana njia hiyo kwenu, kwa sababu milioni 7 zinazobishaniwa zitawapa sababu ya kuchelewesha zile 40.

Milioni 10 za mwanzo zilipwe lini? Zilipwe kabla ya kusajili, au siku ile ile asubuhi, na hati iseme "zimelipwa na Mdai anakiri kuzipokea". Angalia akaunti kwa simu kabla ya kuingia chumba cha mahakama. Kama hazijaingia, mwombe hakimu ahirisho fupi.

Baada ya kusajili, fuatilia tuzo hadi uipate mkononi, ikiwa na muhuri. Isome sambamba na hati yenu. Makarani ni binadamu. Sifuri ikidondoka kwenye 46,000,000, au tarehe ya Septemba ikirukwa, omba isahihishwe wiki hiyo hiyo. Kosa la kuandika husahihishwa kwa ombi rahisi, lakini likikaa miezi mdaiwa ataanza kulitetea.

Wakianza kulipa, na wakiacha

Kila malipo nje ya mahakama chini ya tuzo yanapaswa kutolewa taarifa mahakamani yaingizwe kwenye kumbukumbu. Malipo yasiyoandikishwa hayatambuliwi na mahakama inayokaza hukumu. Kanuni hiyo inambana zaidi mdaiwa, lakini nawe itii: wakilipa awamu, peleka barua fupi mahakamani yenye namba ya shauri, tarehe na kiasi, nakala kwao. Siku ukija kukaza, hesabu yako itaaminika bila mjadala.

Wakikuomba uwaongezee muda, usijibu kwa ujumbe wa simu "sawa, hakuna shida". Kama unakubali, andikeni mabadiliko, msaini wote pamoja na mdhamini, yapelekwe mahakamani yasajiliwe. Mdhamini asiposaini mabadiliko anaweza kujitoa kwa hoja kwamba alidhamini ratiba nyingine.

Wakiacha kulipa, subiri siku 7 zipite, kisha peleka maombi ya kukaza hukumu mahakama hiyo hiyo. Ambatisha tuzo, taja kilicholipwa, salio, riba, na njia unayotaka. Kwa kampuni ya ujenzi njia nzuri kwa kawaida ni tatu: kuzuia fedha kwenye akaunti yao ya benki, kukamata magari na mashine kupitia dalali wa mahakama, au kuzuia fedha ambazo mtu mwingine anadaiwa na kampuni hiyo, kama mwenye mradi ambaye bado hajawalipa. Hiyo ya tatu husahaulika, na mara nyingi ndiko fedha ziliko. Kwa hiyo anza leo, wakati bado mnaongea vizuri, kuandika pembeni: benki iliyokuwa kwenye hundi zao, namba za magari yaliyokuja kuchukua mbao, miradi wanayojenga sasa. Na usikae na tuzo kabatini. Ukipita mwaka mmoja tangu itolewe kabla ya kuomba kukaza, mahakama italazimika kwanza kumwita mdaiwa ajieleze, na hiyo ni nafasi nyingine ya kuchelewesha.

Kuhusu wakili: kama huwezi kumlipa wa kesi nzima, mlipe wa kazi hii moja, kuandika hati na kusimama nawe siku ya kusajili. Mwambie tangu mwanzo kwamba unataka bei ya kazi hiyo tu. Kama hata hiyo ni nzito, tafuta watoa msaada wa kisheria waliosajiliwa katika wilaya yako. Mradi hati isiandikwe na upande mmoja pekee, halafu wewe ukasaini.

Wiki hii jibu karatasi yao kwa barua. Juu yake andika "Bila kuathiri haki", ili maneno ya kutafuta suluhu yasije kutumika kama ungamo mkishindwana, kisha: "Nakubali kimsingi kiasi cha shilingi 40,000,000. Sitaondoa shauri. Niko tayari tusajili makubaliano kama tuzo siku shauri litakapotajwa, kampuni ikiwa imelipa awamu ya kwanza ya shilingi 10,000,000 na mkurugenzi akiwa mdhamini. Rasimu yangu nimeiambatisha." Tunza nakala iliyogongwa muhuri wa kupokelewa. Wakijibu kwamba lazima uondoe kesi kwanza, usibishane nao kwa simu. Siku ya kutajwa mwambie hakimu kwamba mazungumzo hayajafika mwisho, na uombe kesi iendelee.